Mpaka Aliouotesha Mwenyewe

Amefariki yule mkulima wa Bugendana aliyekuwa akiniletea maharage hapa Gitega. Aliyenipa habari ni mama jirani yake, na alizitoa kwa hasira, kana kwamba marehemu amemtoroka. "Ameenda. Sasa mi nitagombana na nani?" Nimehuzunika kweli. Lakini mniwie radhi, wasomaji wangu, kila nikimkumbuka nacheka kwanza.

Marehemu alikulia Tanzania, ukimbizini, akarudi mtu mzima kulima shamba la baba yake ambalo hakuwahi kuliona. Kiswahili chake kilinyooka kuliko mistari yake ya maharage. Msimu wa kwanza alikosa vijiti vya kupandishia maharage, akakata matawi ya minyaa, ile miti ya utomvu mweupe, akayachomeka katikati ya shamba. Kwetu huku minyaa hupandwa mpakani, na tawi lake likigusa udongo halina subira. Maharage yakavunwa, vijiti vikabaki vimechipua, safu nzima. Yule mama jirani akaitazama safu ile, akaona heri imemjia. Akalima hadi kwenye minyaa, akapanda maharage yake bila wasiwasi.

Wazee wa kilima, ndicho kijiji huku kwetu, wakaitwa. Kwa desturi, penye minyaa ndipo penye mpaka, na bwana yule alikuwa karibu kupoteza nusu ya urithi kwa mikono yake mwenyewe. Walioujua mpaka wa zamani walikwisha kufa wote, isipokuwa huyo huyo mama aliyekuwa akidai. Mimi nilikuwepo, nimefuata gunia langu, nikasema moyoni kwamba kwisha habari yake. Yeye akamgeukia mama. "Shikamoo, mama. Mimi nimekulia ugenini. Baba yangu alilima hadi wapi? Utakaposema wewe, nitakubali."

Mama akanuna. "We iko na akili mbaya," akamwambia. Kisha akaingia ndani ya maharage yake, akayakanyaga, akavuka hadi upande wa pili. "Ni hapa. Baba yako alikuwa anasimama hapa, ananiomba moto ya kiko." Wazee wakaandika mpaka vichwani mwao, wakaomba pombe ya ndizi.

Tangu hapo waligombania mbuzi, moshi na kuku, kwa furaha kubwa. Nami nilijifunza kwamba tunayezozana naye kila siku huenda ndiye pekee anayetukumbukia mambo yetu, na inafaa kumuuliza angali hai. Ndiyo maana baada ya mazishi niliwahimiza watoto wa marehemu waende kwa yule mama wakamuulize habari za babu yao. Wakaenda. Aliwafukuza kwanza, kisha akawaita warudi wakae.