Mama Mudogo na Kidonda cha Mdomo

Vita vilipofika Kiwanja, mama mudogo, mdogo wa mama yangu wa tumbo moja, alikimbilia kwetu mjini, mtaa wa Mabanga, na kifurushi kimoja. Njiani alikuwa amelala nje, akanyeshewa, akachomwa na jua. Alifika na homa, na pembeni ya mdomo wake malengelenge madogo yalikuwa yamekusanyika, mengine yakitoa maji.

Nyumba yetu ya mbao ilikuwa imejaa. Dada yangu mkubwa alikuwa amejifungua mtoto wa kike, mchanga kabisa, na mume wake alikuwa amekwama ng'ambo ya mapigano.

Mama aliutazama ule mdomo kabla ya kumkumbatia mdogo wake. Halafu hakumkumbatia.

"Karibu, mudogo wangu. Kaa pale kwanza," akasema, akimwonyesha kiti cha mlangoni.

Jioni ile alitenga gobeleti moja ya plastiki, akaifunga uzi mweusi kwenye mshikio ili tusiichanganye na vikombe vyetu. Akatenga na sahani, kijiko na taulo. Kisha akatuita sote, mama mudogo akiwa anasikia, akatuambia hivyo tusiviguse, kwa sababu kidonda kile kinaambukiza kwa vyombo. Mama mudogo aliitikia kwa kichwa, kana kwamba anasemwa mtu mwingine.

Tangu siku hiyo alikula pembeni. Vyombo vyake aliviosha mwenyewe, akavianika kwenye ukuta wa mawe ya volkano, mbali na vyetu. Mtoto hakumshika hata mara moja. Nilikuwa nikimwona amekaa kwa mbali, mikono ameilaza mapajani, akimwimbia kwa sauti ndogo.

Malengelenge yakakauka, ngozi ikarudi kama zamani, lakini mama hakuuondoa ule uzi. Majirani wakaanza kutuuliza mgeni wetu anaumwa nini. Asubuhi moja mama mudogo akafunga kifurushi chake, akamwambia mama, ambaye kama dada mkubwa humwita yaya:

"Yaya, minaenda Munigi. Watu ya kwetu wako kule kwa kambi."

"Nani amekufukuza?"

"Hakuna mutu."

Mama hakumzuia. Alimfungia unga na maharage, akamwitia pikipiki. Wiki hiyohiyo malaria ikamlaza mama mwenyewe. Alipoinuka, alimchukua mjukuu wake mikononi kama kawaida.

Haukupita muda mrefu, mtoto akaanza kuchemka. Akakataa ziwa. Kando ya jicho lake la kushoto yakatoka malengelenge, yaleyale. Mama alipoyaona alisema neno moja tu: "Yeye." Sote tulijua anamsema nani.

Hospitalini mtoto aliwekewa serumu, maji ya dawa ya mshipani. Daktari alikuwa mwanamke, macho yamemwiva kwa kuhudumia majeruhi. Akauliza nani nyumbani ana kidonda cha mdomo. Mama akamsimulia habari za mdogo wake, za gobeleti, sahani na taulo.

"Alimubusu mutoto?"

"Hakumushika hata," dada yangu akajibu.

"Basi si yeye. Na si gobeleti. Ugonjwa huu unapita kwa ngozi na kwa mate. Mutu anabusu mwenzake, ao anagusa kidonda kisha anagusa mutoto. Chombo chenye mate mabichi kinaweza kuupitisha, lakini ni mara chache. Kikioshwa kikakauka, hakuna neno. Kidonda kikiwa wazi, musitumie wembe mumoja ao taulo moja, na munawe mikono. Watu wengi wako nao tangu utoto. Unalala ndani ya mwili, unaamshwa na homa, na jua, na mawazo. Mutu muzima hana shida. Mutoto muchanga unaweza kumuua."

Akamgeukia mama. "Na wewe, mama, malengelenge hii haijakutoka hata siku moja?"

"Ya kwangu ni ya homa tu. Inatoka nikiwa na malaria, inaisha yenyewe."

"Mara ya mwisho ni lini?"

Mama akajigusa mdomo. Hapo sote tuliukumbuka ule ukoko mdogo uliokuwa mdomoni mwake alipoinuka kwenye malaria, na jinsi alivyokuwa akimbusu mtoto machoni kila alipomtoa kwenye beseni. Daktari alimshika bega kidogo, akaenda kwa mgonjwa mwingine.

Mtoto alipona, lakini jicho la kushoto likabaki na ukungu.

Tuliporudi nyumbani, mama aliniambia nimsindikize Munigi. Tulimkuta mama mudogo mbele ya kibanda cha turubai, akichambua maharage na wanawake wenzake. Mama hakungoja kukaribishwa. Alimweleza yote, amesimama.

"Ni mimi, mudogo wangu. Haikukuwa wewe. Twende nyumbani."

Mama mudogo akauliza, "Mutoto anaona?"

"Kwa jicho moja."

Hapo akalia, na mama akalia naye, wamekaa chini kwenye mawe. Alipofuta machozi alisema, "Nimekusamehe, yaya. Lakini kwako sirudi. Hapa tunakulaka wote pamoja."

Tulirudi wawili.

Baadaye kambi ilivunjwa, watu wakaambiwa warudi makwao. Mama mudogo alirudi Kiwanja bila kushuka mjini kutuaga. Tulijua kwa simu, akiwa ameshafika: mabati ya paa yameibwa, alisema, na shamba lote limeota majani.