Uzi wa Mtunza Makoti

Mwanamke anayetunza makoti bungeni Paris hakutazami usoni. Anakujua kwa vifungo vyako. Vita vya Pili vya Dunia vina miaka miwili tangu viishe na nguo mpya bado hazipatikani, basi kila kifungo kinacholegea anakikaza kwa uzi mweusi uleule, kiwe cha Mkomunisti au cha mahasimu wao, wafuasi wa Jenerali aliyeongoza Wafaransa vitani. Hulamba ncha ya uzi, akanung'unika kwa sauti yake kavu: “Tukananeni huko ndani, lakini msivutane makoti.”

Siku moja mwandishi Quesnel, anayeandika ugomvi wote wa wabunge, alisahau daftari lake kwenye mfuko wa koti alilomwachia mama huyo. Mle mlikuwa na siri za watu waliomwamini. Alirudi mbio, akamkuta mbunge mmoja akibembeleza: “Nipe tu koti la Quesnel, mama. Ni rafiki yangu.”

“Kibati chake chenye namba kiko wapi? Huna? Basi hata ungekuwa pacha wake!”

Quesnel akatoa kibati, akapewa koti. Mfuko ulikuwa umeshonwa kwa uzi mweusi, daftari likiwa ndani.

“Umelisoma?” alinong'ona.

“Nisome nini, baba? Hao waliomo humo si ndio ninaowashonea kila siku?”

Katika daftari la Quesnel, ukurasa wa siku hiyo hauna jina la mbunge hata mmoja. Amebandika uzi mweusi katikati, na chini yake ameandika: ahsante, mama.