Radost, na Maneno Niliyomtia Babu Mdomoni

Nakumbuka siku moja, enzi za ujana wangu, nilimsingizia maiti. Nalitaja kosa langu mwanzoni kabisa, usije ukalisikia kwa Baba, maana yeye hulisimulia vibaya. Nilimwambia Bibi yetu kwamba Babu, ambaye alikuwa na miezi minne kaburini, aliwahi kuniambia jambo ambalo hakuniambia hata kidogo. Mimi nilicheka. Bibi hakucheka. Na kwa sababu hiyo, mwanangu, siku ya akika yako ulishinda na kichwa kilichonyolewa na bila jina.

Ndiyo, nakuita mwanangu. Mama anasema wewe ni mdogo wangu na niache ujinga. Lakini mimi nina miaka kumi na sita na wewe una siku kumi na tisa, kwa hiyo kwa kila hesabu niliyofundishwa shuleni, mimi ni mzee. Na huo ujana ninaousema ulikuwa Jumatano ya wiki mbili zilizopita. Tulia basi, nyonya kidole, usikilize. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na hayo ya kwako bado hayajakaza.

Tuanze na jina lenyewe, kwa sababu nalo limetuchanganya wote.

Babu alikuwa mtu wa hapa hapa Afrika Kusini. Alitoroka ubaguzi akiwa kijana, akafika Tanzania, akamwoa Bibi kule Morogoro, na mambo yalipobadilika akarudi Johannesburg na mke Mluguru na binti wa miaka saba. Binti huyo ndiye Mama. Kabla ya kumwoa Bibi, wenzake wa mapambano walimpeleka Bulgaria kutibiwa mapafu, akakaa huko majira yote ya baridi, na huko alikutana na mtu aliyeitwa Radost. Basi. Familia nzima tulijua hayo tu. Babu alikuwa na hadithi za vita ambazo angemsimulia hata dereva aliyesimama kwenye robot, yaani taa za barabarani, akisubiri kijani, lakini ukimtajia Radost alisema, "Ah, Radost," kisha akaomba chai.

Ipo picha moja. Watu wawili wamesimama kwenye theluji mbele ya jengo refu. Mmoja ni Babu, huyo humkosei. Mwingine amevaa koti hadi vifundoni, kofia ya manyoya hadi kwenye nyusi, na skafu hadi puani. Nimeitazama ile picha mpaka macho yameniuma. Mwanamume? Mwanamke? Pazia lenye pua? Nyuma imeandikwa kwa kalamu ya wino: Radost.

Mama alipomwambia Babu kwamba ana mimba yako, Babu, aliyekuwa tayari hainuki kitandani, alisema, "Akiwa wa kike, Radost. Akiwa wa kiume, Radost. Msinisumbue tena." Mwezi uliofuata akafa, kwa hiyo hakuna aliyemsumbua.

Mimi nikafanya utafiti wa kitaalamu, yaani nikashika simu. Tovuti moja ya majina ya watoto ilisema Radost ni jina la Kislavi, ni adimu, hupewa wa kike na wa kiume, na maana yake ni furaha. Wasomaji wamelipatia nyota nne na nusu, kama vile jina ni friji. Baba, mtu wa Kindu mwenye Kiswahili cha kwao, anayeshona suti kule Marshalltown, alishangaa kweli kweli. "Lakini Furaha si iko tayari? Kwetu Furaha iko ya mwanamuke, iko ya mwanaume. Juu ya nini tuitafute mbali vile?"

Mama akamjibu, "Babu hakuomba tafsiri."

Sasa ile Jumatano. Nimerudi kutoka shule, Bibi yuko jikoni anachambua mchele wa pilau ya akika. Ni lazima ujue, mwanangu, kwamba mimi na Bibi ni mtu na mkewe. Ndivyo ilivyo kwetu: mjukuu wa kiume ni mume wa bibi yake, na utani ni ruksa asubuhi na jioni. Yeye ananiita mume wangu kaptula. Mimi namwita mke wangu meno sita. Hajawahi kukasirika hata siku moja, na labda hapo ndipo nilipolewa.

"Mume wangu," akasema, "wewe unayelala na hiyo simu kifuani, hilo jina huko lina maana gani?"

"Furaha."

"Basi?"

Ningesema ndiyo, basi, leo nisingekuwa na nasaha yoyote ya kukupa. Lakini ulimi hauna mfupa, na wangu nadhani hauna hata ngozi.

"Mke wangu, kaa vizuri. Una mke mwenza."

Akacheka. "Yuko wapi, nimpe hivi vyombo aoshe?"

"Bulgaria. Nesi. Macho ya kijani. Babu alikuwa amuoe kabisa, sema tu ndege iliwahi kuondoka."

Bado alikuwa anatabasamu. "Nani kakwambia?"

Hapo, mwanangu, mlango ulikuwa wazi mbele yangu. Neno moja tu, nakutania, tungecheka wote, tukaendelea na mchele. Mimi nikaufunga kwa mkono wangu mwenyewe. "Babu. Ile Ijumaa ulipokwenda Mayfair kuswali. Akasema nisikuambie."

"Wallahi?"

"Wallahi."

Mdomo uliapa huku tumbo bado linacheka. Bibi akainamia sinia lake. Niliona anachomoa punje nzuri anazitupa, na vijiwe anaviacha. Nikadhani macho yamechoka. Nikaenda zangu kucheza mpira.

Kesho yake asubuhi akafunga mkoba, akasema anakwenda kumsalimia Mama Hodan, rafiki yake Msomali mwenye duka la vitambaa Mayfair. Jioni hakurudi. Ijumaa simu yake ikawa haipokelewi.

Jumamosi ndiyo siku yako ya saba. Ustadhi akaja, ukanyolewa, ukalia mpaka majirani wa Troyeville nzima wakajua umefika duniani. Mbuzi akaiva. Lakini katika nyumba yetu jina hulitamka kwanza mkubwa wa nyumba, sikioni mwa mtoto, na kabla ya hapo halijawa lake, hata kama limeandikwa kwenye keki. Lilikuwa limeandikwa kwenye keki. Mkubwa wa nyumba ni Bibi, na kiti chake kilikuwa kitupu. Ustadhi akasubiri, akatazama saa, akasoma dua, akaondoka.

"Mama mukwe iko wapi?" Baba akawa anazunguka na tepu yake shingoni. "Mbuzi imeisha kupikwa, mutoto iko bila jina! Eish!"

Jirani yetu, Mama Lerato, akataka kusaidia. Akasema kwao furaha ni Lethabo, nalo linafaa wote, kwa nini tusitumie hilo kwa muda. Nikahesabu: Radost, Furaha, Lethabo. Furaha tatu, mtoto mmoja, jina hakuna. Ningecheka, lakini nilimwona Mama amekubeba dirishani, anatazama barabara, na anapokusemesha anakuita "wewe", "wewe" tu.

Nikamfuata, nikamweleza. Sikuwa shujaa. Mama hakunipiga. Angenipiga ningejua tumefika wapi. Alisema tu, "Rudia ulichoapa." Nikarudia. Akafumba macho. "Nenda Mayfair. Usiniletee samahani. Niletee mama yangu."

Nilimkuta Bibi nyuma ya duka, amekaa katikati ya majora ya vitambaa kama malkia aliyepinduliwa. Mama Hodan aliniona, akachukua birika lake, akaenda mbele kwa wateja bila salamu. Nikajua habari zangu zimenitangulia.

"Shikamoo Bibi."

"Marahaba." Hakuniita mume. Hilo lilinichoma kuliko kofi.

"Bibi, nilikuwa nakutania."

"Lini? Jumatano, au sasa?"

Mwanangu, nimechekesha darasa zima, nimechekesha hadi mwalimu wa hesabu, lakini sijawahi kuulizwa swali gumu kama lile. Kwa sababu ningejibu nini? Wallahi? Nilishaitumia.

Nikajitetea, maana mjinga akizama hushika hata povu. Nikasema, mbona msibani kwa Babu yule mtani kutoka Morogoro alivaa koti la marehemu, akatembea kama yeye, akakohoa kama yeye, na watu wakacheka, na wewe Bibi ukacheka hadi machozi?

"Alivaa koti, na kila mtu aliliona koti," Bibi akasema. "Wewe ulivaa sauti yake, na hukunionyesha kuwa umeivaa." Akasukuma jora moja pembeni. "Babu yako alikuwa mtu wa watu. Nyumba yangu ilikuwa ya wageni, chakula changu cha wageni, hadithi zake za kila aliyepita njiani. Kitu kimoja alinipa mimi peke yangu, kabla hajanioa, nacho ni Radost alikuwa nani. Nimekitunza. Halafu unakuja wewe na kaptula yako, unaniambia alikupa na wewe, na ulichopewa wewe siyo nilichopewa mimi. Siku tatu nimekaa hapa nauliza, nani alidanganywa? Na wa kumuuliza yuko chini ya udongo."

Mwanangu, hapo ndipo nilipochanganyikiwa kabisa. Nilidhani amekasirika kwa ajili ya mke mwenza. Kumbe mke mwenza hakuwa na neno. Nilikuwa nimemwibia mumewe.

Akaniinamia. "Haya, niambie. Siku ya kuagana, Radost alimfunga Babu yako nini mkononi?"

"Saa?"

"Nini?"

"Bendeji? Bibi, sijui."

"Alikuwa akimwita kwa jina gani?"

"Sijui."

"Nani alikuwa mgonjwa zaidi kati yao?"

"Kwani Radost naye alikuwa mgonjwa? Bibi, sijui! Sijui hata kama alikuwa mwanamume au mwanamke! Simu ilisema jina linafaa wote, nikachagua mwanamke kwa sababu kichekesho kilikuwa kitamu zaidi."

"Ulichagua."

"Nilichagua. Na macho ya kijani niliyatoa kwenye tangazo la dawa ya meno."

Halafu yale meno sita yakaanza kutokeza, moja moja. Bibi alicheka mpaka Mama Hodan akarudi na birika kuona kuna nini. "Hakukwambia," akawa anasema, anajifuta macho kwa ncha ya mtandio. "Hajui! Mama Hodan, huyu hajui chochote! Sifuri kabisa!" Sijawahi kuona mtu akifurahia ujinga wangu kiasi kile, na nina ripoti za shule za kuushuhudia.

Tulifika nyumbani alasiri. Wageni wengine walishaondoka na nyama zao kwenye mifuko. Bibi akanawa mikono, akakupokea, akainama sikioni mwako na kulitamka. Sisi tulisikia pumzi tu. Kisha akafungua kifundo kwenye pembe ya kanga yake, akatoa uzi mdogo uliosokotwa, mwekundu na mweupe, ila mweupe ulishakuwa rangi ya chai. Akaufunga kwenye kifundo cha mkono wako, akahakikisha haukubani. Baba akauliza uzi gani huo. Bibi akasema, "Huo ni wa Radost," na hatukujua anamtaja Radost wa picha au wewe. Kisha akageuka. "Mume wangu kaptula, nipe keki."

Nasaha yangu ya uzeeni, basi, ni hii. Wazee husema heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi, na mimi nimejaribu vyote viwili, dole linapona kwa wiki. Taniana na aliye hai, kwa sababu atakujibu, atakutukana, atakurushia kandambili, mtamalizana. Aliyekufa usimwekee hata neno moja, hata tamu, maana hawezi kulitema. Na ukiona mtu ameacha kucheka, usisubiri Jumamosi. Uzi wako ukikatika usiutupe. Mpelekee Bibi.

Lakini sikulala vizuri kwa udadisi. Kesho yake, Mama akikuogesha, nilimsogelea nikamuuliza polepole: Mama, wewe ni mtoto wa Babu wa kumzaa, bila shaka unajua. Radost alikuwa mwanamume au mwanamke? Na alikuwa nani? Mama hakugeuka. Nakwambia alichosema, neno kwa neno, maana hili sithubutu kuliongezea chumvi:

"Nina miaka arobaini na moja na sijaambiwa, wewe uambiwe kama nani? Mwanangu, si kila kilichofungwa kimefungwa ili wewe ukifungue. Mungu akukuze, akupe na wewe jambo moja la kutunza, na akupe mtu wa kulitunza naye mpaka azeeke. Sasa nipe taulo, mwenzio anapata baridi."