Kiporo cha Marko

Kaka yangu Marko amezikwa mara mbili. Mara ya kwanza ilikuwa Aprili 1968, mwenyewe akiwa kwenye nyumba ya jirani anasikiliza. Mara ya pili ni hapa Mikumi, na msalaba wake umeandikwa Filipo. Mimi ni Yunis, mdogo wao wote wawili, mwalimu mstaafu. Miaka thelathini nimewachapa watoto wa watu kwa kusema uongo, na sasa nataka nimalize wa kwetu.

Tulizaliwa watatu, Filipo, Marko na mimi, katika kitongoji cha mlimani upande wa Lumuma, mwendo wa nusu siku kwa miguu mpaka stesheni ya Kidete. Baba alifariki tukiwa wadogo, na kwetu watoto ni wa ukoo wa mama, kwa hiyo mwenye neno la mwisho alikuwa mjomba Kornelio. Yeye ndiye aliyeamua Filipo aendelee na shule ya misheni, na Marko aache njiani ili nyumba isikose mtu wa kulima. Marko hakubisha. Likizo zikifika aliyachukua madaftari ya kaka yake akayasomea shambani, na hesabu alizijua kumshinda mwenye madaftari. Walifanana kiasi kwamba kanisani watu waliwatambua kwa viatu, maana Filipo ndiye aliyekuwa navyo.

Nchi ilikuwa changa, inataka mabwana shamba, waganga na mainjinia, na nchi rafiki zilikuwa zinatoa nafasi za masomo. Filipo aliomba kusomea kilimo Bulgaria. Kila wiki alishuka Kidete kuulizia barua. Ile wiki ya mvua kubwa mama alimkataza, akaenda hivyo hivyo.

Barua alikuta imefika. Tunajua, kwa sababu aliitia ndani ya kopo la maziwa ya unga, akalifunga kwa kamba kwapani, ndipo akaingia mto Mkondoa kuvuka kurudi nyumbani. Mjomba na Marko walimpata siku ya pili, amenasa kwenye matete. Maji yalikuwa yamemharibu uso. Kopo lilikuwa bado liko kwapani, na barua ndani yake ilikuwa kavu kabisa. Ilisema afike Dar es Salaam katika muda wa majuma matatu, na vyeti vyake na picha nne, kwa ajili ya pasipoti na viza.

Mjomba aliisoma amesimama hapo hapo maiti ilipolazwa. Alipomaliza akaikunja, akamwambia mama:

"Dada, aliyekufa ni Marko."

"Kornelio, huyu ni Filipo. Nimemzaa mwenyewe."

"Aliyekufa ni Marko. Filipo anasafiri kwenda kusoma. Au unataka wafe wote wawili?"

Mjomba Kornelio, Mungu amrehemu, ila asifanye haraka. Marko alifungiwa katika nyumba ya mjomba, hatua ishirini kutoka kwetu, akavishwa viatu vya Filipo, akaambiwa asitoke mpaka siku ya kwenda Dar, watu wataambiwa Filipo anaumwa homa. Katika ufa wa dirisha alisikia nyimbo. Alimsikia mwalimu wa kanisa akisema, "Ndugu yetu Marko ametutangulia." Alisikia majina ya watu aliocheza nao yakiitwa kuchukua jembe. Kilio cha mama alikisikia pia, na mama siku ile alilia bila kutaja jina. Mimi nilikuwa na miaka kumi na minne. Nilijua, nikanyamaza, na hakuna aliyenitisha ili ninyamaze.

Sasa kwetu iko hivi. Mama aliyefiwa hulala chini, kwenye mkeka, mpaka matanga yaanuliwe. Siku ya kuanua, ndugu anayerithi jina la marehemu hukalishwa kwenye kigoda mbele ya mama. Mama humuuliza mara tatu, "Wewe ni nani?" Naye hujibu kwa jina la marehemu. Hapo jina limepata mwenyewe, mama anainuka, mkeka unakunjwa, anarudi kitandani kwake. Wazee walitegemea aliyebaki amrithi aliyekufa. Lakini huyo Filipo wao alikuwa na safari.

"Matanga yatasubiri," mjomba aliwaambia. "Akirudi atakaa kwenye kigoda."

Kwa mjomba ilikuwa rahisi kusema hivyo. Yeye alikuwa na kitanda.

Habari za Dar nilizipata kwa kaka baadaye sana. Pasipoti haikumpa taabu, cheti cha shule hakikuwa na picha. Kilichomtia jasho ni ubalozini. Fomu ya viza iliuliza ndugu wa kuzaliwa, majina yao, na wako hai au la. Akaandika Yunis, hai. Akaandika Marko. Kalamu ikakaa hapo muda mrefu. Kisha akaandika: amefariki.

Aliyepokea fomu alikuwa mama wa Kizungu mwenye miwani, anajua Kiswahili cha kuokoteza. Alisoma mstari kwa mstari mpaka akafika pale.

"Huyu alikufa nini?"

"Maji."

"Lini?"

"Mwezi wa nne mwaka huu."

Yule mama akavua miwani, akasimama, akampa mkono. "Pole sana, Filipo," akasema. Akagonga muhuri. Kaka aliniambia kwamba mpaka siku ile hakuna mtu aliyekuwa amempa pole, kwa kuwa tangu msiba alikuwa amefichwa, na ya kwanza aliyopewa ikawa ya kifo chake mwenyewe.

Akaondoka Septemba. Mwaka wa kwanza waliwekwa Sofia kujifunza lugha. Majina yakiitwa darasani yeye hakuitika, mpaka mwenzake wa chumbani, kijana wa Mali, akawa anamsukuma kwa kiwiko. Walidhani hasikii vizuri. Wakampeleka kwa daktari wa masikio, daktari akasema masikio ni mazima. Chakula alikizoea, mkate na maziwa ya mgando, na theluji aliizoea. Ambacho hakukizoea ni bomba. Vyumba vyao vilipashwa moto kwa maji yanayopita katika mabomba ukutani, na kila jioni moto ulipowashwa, maji yalianza kunguruma kutoka upande wa mlango, yanapita nyuma ya kitanda chake, yanaishia dirishani. Mwenzake alisema ni mabomba ya zamani. Kaka alisema ni mtu anavuka. Alihamisha kitanda mara mbili. Mwishowe akajizoeza: maji yakianza, anasema kwa sauti, kwa lugha ya nyumbani, "Niko hapa." Yakipita anaendelea na kitabu.

Na alifaulu. Hilo lazima niliseme, maana watu wa ofisini wangeliuliza. Alifaulu kila mtihani, kwa jina la kaka yake.

Huku nyumbani mwandishi wa barua nilikuwa mimi. Mama hakujua kusoma. Alikaa kwenye mkeka wake, ananiambia, naandika. Bahasha ilibidi iwe ya Filipo, na barua ilibidi ianze, "Mwanangu Filipo." Mwanzoni mama alikwama hapo, akawa anatazama mlango. Baadaye akaacha kukwama.

"Muulize," alisema siku moja, "kama nguo zake zimekauka."

Nikaandika. Nilifikiri anawaza ile baridi ya Ulaya. Barua iliyofuata akasema, "Muulize kama maji yamemtoka masikioni."

Niliweka kalamu chini. Nikamwambia, "Mama, tunamwandikia Marko."

"Marko yuko shambani," akasema mama. "Andika."

Kaka alinijibu pembeni, karatasi ndogo ndani ya barua kubwa: Yunis, nakuomba, usiandike kila anachosema mama. Hapa ndipo nina lawama yangu. Nilikuwa na hasira. Yeye anakula mkate mweupe, mimi ndiye ninayelala chumba kimoja na ule mkeka, ninamsikia mama anavyogeuka huku na huku sakafuni. Nikaandika kila kitu, neno kwa neno, miaka yote mpaka nilipokwenda chuo cha ualimu. Najuta. Nilimpelekea marehemu mpaka kitandani kwake, na stempu nikabandika.

Mjomba alikufa mwaka 1971. Mwaka 1974 ikaja amri ya kuhamia vijijini, na kitongoji chetu kikashushwa karibu na reli. Kaburi lilibaki mlimani peke yake na msalaba wa Marko. Mama alishuka na sufuria, jembe na mkeka. Katika nyumba mpya walimpa kitanda kipya cha kamba. Aliweka mahindi juu yake.

Kaka alirudi mwaka 1975, amenenepa kidogo, amevaa koti, ana vitabu masanduku mawili. Nilikwenda kumpokea stesheni ya Kilosa. "Shikamoo kaka," nikamwambia, na kabla hajaitika marahaba aligeuka kutazama nyuma yake. Alikuwa amepangiwa kazi Mikumi, bwana shamba. Mimi tayari nilikuwa nafundisha huko. Tukapanga kwamba kwanza matanga yaanuliwe, kisha tumchukue mama tukae naye.

Ndani ya treni ya kwenda Kidete nilimweleza jambo ambalo nilikuwa nimelifikiria mwaka mzima. "Kaka, sikiliza. Kwa wazee marehemu ni Marko. Wewe unarithi jina la Marko. Mama akikuuliza wewe ni nani, utajibu Marko, mbele ya watu wote, na hakuna uongo ndani yake wala mtu wa kukupeleka mahakamani. Ofisini utabaki Filipo. Nyumbani utaitwa Marko mpaka kufa kwako. Jina lako linarudi."

Alinitazama, akacheka, kisha akalia, abiria wakageuka. Toka hapo mpaka Kidete alilisema kimya kimya, naona midomo tu: Marko, Marko, Marko.

Siku ya kuanua wazee walijaa. Pombe ilikuwapo, unga wa ngano tulionunua Kilosa ulikuwapo, mwalimu wa kanisa aliomba. Kaka akakalishwa kwenye kigoda. Mama alikuwa mbele yake kwenye mkeka, amekonda, nywele zimenyolewa kwa ajili ya siku ile. Miaka saba ilikuwa imempita pale chini.

"Wewe ni nani?" mama akauliza.

"Filipo," kaka akajibu.

Wazee wakacheka. Mzee Nikolaus, aliyesimamia shughuli, akamshika bega. "Ulaya imekusahaulisha, mwanangu. Taja jina la marehemu."

Mama akauliza mara ya pili. Nilimwona kaka akifumba midomo kuanza lile jina. Shingo ilimtoka mishipa.

"Filipo."

Hakuna aliyecheka tena. Nilimkazia macho, namwomba kwa macho. Mara ya tatu mama aliuliza polepole, kwa upole, kama mtu aliyekwisha kujua.

"Filipo," akasema kaka, jasho linamdondoka kidevuni.

Mzee Nikolaus alisema shughuli imeharibika, tutafute siku nyingine. Lakini mama alikuwa amekwisha kuinuka. Aliinuka peke yake, bila kushikwa. Akamfikia kaka, akampapasa koti mabegani, mikononi, kifuani, anakagua kila mahali.

"Zimekauka," akasema. Akageuka akakunja mkeka wake.

Nilimkuta kaka nyuma ya nyumba. Nikamuuliza kama ana wazimu, neno moja tu, jina lake mwenyewe, limemshinda?

"Yunis, mimi nilifungua mdomo kusema Marko," akanijibu. "Aliyejibu si mimi."

Nilitaka kumpiga. Leo hii namwamini.

Tukahamia Mikumi, nyumba ya serikali karibu na barabara ya Iringa. Mama akawa mzima, analala kitandani, anapika, anawafukuza nyani bustanini. Jioni ya kwanza alipakua ugali na mboga, na nikaona sahani nne. Tulikuwa watatu.

"Mama, hiyo ya nani?"

"Ya Marko. Hajafika bado." Akaifunika kwa sahani nyingine, akaiweka juu ya kabati.

Kaka alikuwa ametia tonge mdomoni. Alilimeza, akanawa, akapiga magoti mbele ya mama, bwana shamba mzima wa serikali. Safari hii jina lilitoka. "Mama. Marko ni mimi. Nitazame."

Mama alimtazama sana. Kisha akakasirika kweli kweli.

"Filipo," akasema, "usimfanyie mzaha mdogo wako. Huyo ndiye aliyebaki kulima ili wewe usome."

Sahani ile iliwekwa kila jioni kwa miaka kumi na moja, mpaka mama alipofariki. Na kila asubuhi, kabla ya kupanda baiskeli kwenda kutazama mashamba yaliyoliwa na tembo, kaka alisimama kando ya kabati akala kile kiporo, ugali umekuwa mgumu, mboga ya baridi, akamaliza chote. Nilimwambia ampe mbwa. Akasema, "Ni chakula changu, Yunis."

Mama akiamka na kukuta sahani tupu alifurahi. Aliniita jikoni anionyeshe.

"Umeona? Alikuja," alisema. "Amekula, akaondoka tena bila kunisalimia."