Nilimchongea kwa Sababu ya Ukoo Wake, na Ukoo Huo Ni Wangu Pia

Admin, naomba jina langu lisionekane kabisa, maana wengi wa huku Saudia wanafuata ukurasa huu.

Mimi ni mwanadada wa miaka ishirini na tisa, Mkipsigis kutoka Kenya. Huu ni mwaka wangu wa tatu nafanya kazi ya nyumba Al-Safa, Jeddah. Najua mtanitukana kwenye komenti. Nitukaneni, lakini someni kwanza hadi mwisho.

Kuna dada nitamwita Chebet. Tulipanda ndege moja, tukafikia Riyadh, tukalazwa chumba kimoja wiki mbili kwenye ile ofisi inayotugawa kwa makafili, yaani waajiri wetu. Huko ndiko aliponiambia siri yake. Anatoka ule ukoo ambao serikali ya mkoloni iliuhesabu wote kuwa wahalifu, wazee kwa watoto, ikawafukuza hadi Gwassi, nyika ya mbung'o mbali na kwetu. Waliporudi walikuta mashamba yao yana wenyewe. Siutaji, wa kwetu wanaujua. Hadi leo wanaambiwa ni wachawi, ni wezi, ukiwaudhi ng'ombe wako wanakufa. Shuleni Chebet alikaa dawati peke yake. Aliniambia, "Dada, huku hakuna anayenijua. Nataka niwe mtu tu kama wengine." Nikamshika mkono, nikamwapia kwamba siri yake iko salama. Sikumwambia kwamba mimi pia ni wa ukoo huohuo.

Ndiyo, mmesoma vizuri. Kwetu, mtu wa ukoo wako ni ndugu yako kabisa, hata hamwezi kuoana. Lakini mamangu alinifundisha tangu nikiwa mdogo, nikiulizwa ukoo nitaje wa kwao yeye, si wa baba. Nimeutaja huo miaka yote hadi nimezoea.

Sasa, madam wangu na madam wa Chebet ni dada wa tumbo moja. Kila Ijumaa familia anayofanyia kazi Chebet inatoka mtaa wa Al-Nuzha inakuja kula kwetu, naye tangu mwaka wetu wa pili anakuja nao, tunapika pamoja. Wivu ulinianzia hapo jikoni. Yeye anaachiwa simu siku nzima, yangu inafungiwa kabatini hadi usiku. Watoto wa madam wake wanamng'ang'ania shingoni. Madam wangu naye hana haya, ananiambia mbele yake, "Tazama Chebet anavyofanya kazi, wewe kila saa mpaka nikuambie yalla, yalla, harakisha." Hayo yote nilimeza. Aliyenimaliza ni Kiprono.

Kiprono ni dereva wa nyumba yetu, Mkipsigis mwenzetu. Mwaka mzima nilimwekea sahani yake kabla ya mtu yeyote, nyama nzuri chini, wali juu ili madam asione. Hata shuka nilimfulia. Nilichopata ni "asante dada", basi. Chebet kaja Ijumaa tatu tu, jamaa akaanza kujipulizia manukato na kukaa karibu na dirisha la jikoni! Halafu siku moja akaniita pale dirishani, anacheka peke yake. "Dada, nimemwambia mama nimepata mke. Wazee wataenda kwao Desemba."

Jamani, nilisikia moto kifuani. Nikamwuliza kwa upole, "Na ukoo wake umeuliza?" Akasema wazee watauliza, maana kwetu hilo ndilo swali la kwanza wakishaketi. Nikamwambia, "Uliza sasa, usije ukamletea mamako balaa nyumbani." Kisha nikautaja kwa mdomo wangu mwenyewe. Kiprono aliondoka pale dirishani papo hapo. Alimpigia mamake, na Ijumaa iliyofuata alijifungia ndani ya gari hadi Chebet alipoondoka. Halas, ikaisha hivyo.

Chebet akaja kunililia mimi. Alidhani mamake Kiprono ameulizia kwa majirani kule nyumbani. "Babu yangu alifukuzwa kabla hata babangu hajazaliwa," alisema. "Mimi nimemkosea nani, dada?" Nikamfuta machozi kwa ushungi wangu. Na moyoni, Mungu anisamehe, nilikuwa nafurahi.

Miezi minne baadaye Kiprono akanigeukia mimi. Akaniambia, "Wewe uliniokoa. Na ukoo wenu hauna shida." Nikakubali hata kabla hajamaliza. Wazee wake wanaenda kwetu Jumamosi ijayo. Nilimpigia baba, nikamsihi wakiuliza ataje ukoo wa mama. Baba aliniambia nirudie. Kisha akasema, "Mimi nimezaliwa Gwassi. Sikuukana ukoo wangu mbele ya chifu, nitaukana mbele ya mtu anayeomba binti yangu? Wakiuliza, nitawaambia."

Nikimwambia Kiprono mwenyewe, nitamkosa. Nikinyamaza, atausikia kwa wazee. Hilo ndilo nililotaka kuwauliza wiki iliyopita, nikasita kulituma.

Lakini jana Chebet alikuja. Alikuwa ameshasikia habari yangu na Kiprono, nami nilijiandaa kwa matusi. Akafunga mlango wa jikoni, akanikumbatia. "Olewa, dada. Afadhali mmoja wetu apokewe." Nikamwuliza, mmoja wetu vipi? Akasema, "Kule Riyadh babako alikuombea kwa simu, akawataja wazee wenu waliozikwa Gwassi. Nilisikia yote. Nikasema nikuache, utaniambia mwenyewe ukiwa tayari. Usiogope, sijamwambia mtu."

Mwaka wa tatu huu amenifichia, jamani. Mimi siri yake ilinishinda mbele ya mwanamume. Na bado hajui ni nani aliyemsema kwa Kiprono.

Ijumaa anakuja tena, tutakuwa wawili tu kwenye sinki. Wenye hekima nisaidieni: nianzie wapi kumwambia kwamba ni mimi?