Kama Mama Mudogo

Wakati huo nilikuwa najifunza Kiingereza mchana, hapa kwetu Katuba, katika chumba kilicho nyuma ya kiwanda cha mshonaji. Nilitaka kuhudumia abiria kwenye ndege. Ndege yenyewe sijapanda hata leo, lakini namna ya kutabasamu nilikuwa nimeshaichagua.

Siku ya neno "like", mwalimu alisema lina kazi nyingi. Ni kupenda, ni "kama", yaani "comme" ya Kifaransa, na vijana wenye lugha hiyo wanalichomeka hata pale wasipokuwa na la kusema. Tukacheka. "Lakini ukifananisha," akasema, "lazima wawe wawili. Mtu hafanani na yeye mwenyewe." Kila mmoja atunge sentensi. Nikaandika: mimi ni kama mama mudogo. Akatia alama ya vyema, akapita.

Mama mudogo, mdogo wake mama yangu, alikufa kabla sijazaliwa. Nikapewa jina lake, na kwetu sisi tuliotoka Kasai jina halitolewi tupu, linakuja na mwenyewe. Kaku, yaani bibi yangu, asubuhi aliniita mujukuu, jioni aliniita binti yangu. Mimi nilikuwa nacheka tu, naitika yote mawili.

Kisha Kaku akaugua, macho yakaingia ukungu. Siku ile ya sentensi nilimkuta peke yake, mama yuko sokoni. Akanishika mkono, akaita jina letu.

"Ile siku ulitoka, nilikuambia usikanyage tena hapa. Ukaenda Mitwaba, haukurudia. Ulinisamehe?"

Habari hiyo mama alishanisimulia. Kaku na binti yake huyo waligombana kwa ajili ya mwanaume, homa ikamkuta mama mudogo kule kule, na neno la mwisho alilopewa na mama yake lilikuwa lile.

"Kaku, ni miye..."

"Nakuuliza weye."

Mkono wake ulikuwa mwepesi kama ganda la karanga, lakini haukuniachia. Niliogopa. Je, kama yule hakusamehe? Nitachukuaje neno kinywani mwake, yeye amelala mbali huko? Na nikikataa, Kaku ataondoka na mzigo ule. Ukutani kanga moja ya mama mudogo ilikuwa imetundikwa miaka yote, haivaliwi. Nikaitazama kama mtu anayeomba ruhusa.

"Nilikusamehe, mama," nikasema. "Tangu zamani."

Sauti iliyotoka ilikuwa nzito kuliko yangu. Mpaka leo sijui niliitoa wapi.

Kaku akashusha pumzi. Akatabasamu, mkono ukalegea.

"Aksanti, binti yangu. Sasa niitie mutoto. Ule anayejifunza anglais. Leo sijamusikia."

Nikatoka. Nikasimama uani, karibu na kamba ya nguo, kwenye jua kali. Kwa kitambo sikujua ni nani kati yetu atakayerudi ndani. Nikajigusa uso. Nikapiga hodi.

"Kaku! Nimerudia!"

"Mujukuu! Karibu, karibu. Haukupishana na mama yako mudogo? Ametoka sasa hivi."

Nikaketi pale pale nilipokuwa nimeketi. Mkeka ulikuwa bado una joto.

"Nimemuona, Kaku."

"Miye macho hayaoni vizuri. Hakukonda?"

"Hapana," nikasema. "Iko kama miye."