Chipu Aliyoirudisha Fides

Mwaka juzi walikuja watu wa kampuni moja ya Dar inayounganisha vishikwambi, wakajenga jengo la vyumba kumi na viwili hapa Tunduma. Juu yake wakaandika kwa herufi kubwa kwamba ni kituo cha kuzalisha wataalamu wa teknolojia. Kuzalisha. Nililisoma neno hilo nikiwa nimebeba boksi la vioo vya simu, nikacheka peke yangu. Wataalamu nilikuwa nawauzia spea kila siku, na sikumjua hata mmoja aliyezalishwa na mtu mwingine zaidi ya mama yake.

Mmoja wao ni Fides Nzowa, na habari hii ni yake.

Kwao ni Isansa, kwa wakulima wa kahawa. Aliishia kidato cha pili kwa sababu mdogo wake aliyemfuata alikuwa wa kiume, na ada ilitosha mmoja. Akaja Tunduma kuuza vocha karibu na mpaka. Vocha zilipomchosha akavuka kwenda Nakonde, upande wa Zambia, akanunua gunia la simu zilizokufa, zile zinazouzwa kwa kupima kama vyuma chakavu, akaanza kuzifungua moja moja. Niliwahi kumuuliza nani alimfundisha.

“Mama Irene,” akasema, “ukishaua simu mia mbili, ya mia mbili na moja inakuogopa yenyewe.”

Kwa miaka kumi na moja alikaa kwenye meza yake, chini ya bati mbili, mkabala na duka langu. Vijana saba walijifunza kazi kwenye meza ile na leo wanakula kwa kazi hiyo. Wa mwisho alikuwa Osward, kutoka Itumba, kijana mpole aliyefika na cheti cha kidato cha nne kwenye bahasha ya plastiki na mikono inayotetemeka. Fides alimkalisha miezi mitatu anabandua na kubandika chipu kwenye bodi zilizokufa mpaka mikono ikatulia. Kisha Osward akaenda Mbeya, akasoma kozi fupi, akapata cheti cha pili.

Kuna jambo moja la Fides lazima nilieleze hapa, maana ndilo lililomponza. Wateja wa mpakani hawamwamini fundi. Mzambia akiacha simu, anaporudi anataka kujua kama kilichomo ndani bado ni chake. Kwa hiyo Fides alijiwekea utaratibu: spea akiitoa, ile ya zamani anamrudishia mwenyewe kwenye kimfuko. Na kama mteja alileta spea mpya ikagundulika haihitajiki, anairudisha vilevile, haijafunguliwa. Kwenye kila kimfuko anaandika kwa kalamu ya wino mzito herufi F na tarehe. Wateja wa ng'ambo walikuwa wanampita fundi wa kwanza na wa pili, wanauliza, “Ba Fides bali kwi?” Hata mimi nikajifunza Kibemba cha kujibu kwamba yuko pale.

Sasa barabara inapanuliwa. Mwezi wa tano mwaka jana meza zote za upande wake zilipigwa alama ya X nyekundu, na mwisho wa mwezi wa saba ziwe zimeondoka. Pa kwenda palikuwa pamoja tu, kwenye vile vyumba. Na chumba hakipati mtu asiye na cheti cha kituo, na cheti hakipati mtu asiyefaulu mtihani wa vitendo kwa alama sabini. Fides alikuwa na hesabu rahisi: afaulu, au arudi Isansa akachume kahawa ya mdogo wake, yule yule aliyesomeshwa badala yake.

“Mtihani wa nini?” nilimuuliza.

“Kishikwambi kisichochaji.”

“Basi chumba unacho.”

Nilisema hivyo. Sikuwa najua ninaongelea watu gani.

Yaliyotokea ndani aliniambia mwenyewe, na Osward, ambaye kituo kilikuwa kimemwajiri kusaidia kusimamia mitihani, baadaye hakuyakana. Kila mtahiniwa alipewa kishikwambi kibovu cha kampuni, chipu mpya ya chaji kwenye mfuko uliofungwa, na saa moja. Fides akafungua chake, akakiangalia kwa kioo cha kukuzia, akaona chipu iliyomo ni nzima. Kilichopasuka ni risasi ya kulehemu iliyoishikilia chini, kwa sababu kifaa kilikuwa kimebebwa kwenye pikipiki za maafisa ugani mpaka kikalegea. Akapuliza moto, akaikalisha chipu vizuri, ikapoa, akachomeka waya. Kikachaji. Dakika kumi na nne. Akaweka ule mfuko wa chipu mpya juu ya kishikwambi, haujafunguliwa, akaandika F na tarehe, akamkabidhi Osward na kutoka.

Matokeo yakabandikwa ubaoni baada ya siku tatu. Fides Nzowa, hamsini na nane. Hajafaulu.

Nilikuwepo alipomkuta Osward kwenye ngazi.

“Kile kishikwambi kilizima tena?”

“Hapana, dada.”

“Kinachaji?”

“Kinachaji.”

“Sasa nimekosa nini?”

Osward akaangalia viatu vyake. “Kuna kipengele cha kubadilisha chipu. Alama arobaini. Wewe hukubadilisha.”

“Haikuwa mbovu.”

“Najua, dada. Ila kipengele kinasema kubadilisha.”

“Osward. Nani alikwambia chipu nzima haing'olewi?”

“Ni wewe.”

“Na ulipokuwa unaniwekea sifuri ulikuwa unafikiria nini?”

“Nilikuwa nafuata karatasi.”

Fanyeni hesabu wenyewe. Ukitoa zile arobaini, zinabaki sitini. Fides alipata hamsini na nane kati ya sitini. Waliofaulu waling'oa chipu nzima, wakabandika mpya, wakapewa cheti. Mmoja wao aliunguza bodi, na akafaulu kwa alama sabini na moja kwa kuwa hatua zote alizifuata. Hao ndio wataalamu waliozalishwa. Nilitamani kumshika mtu koo. Fides alirudi kwenye meza yake yenye X akaendelea na simu ya mteja.

Wiki iliyofuata akaja dukani kwangu kijana anaitwa Shadrack. Nilimfahamu kwa sura, ndiye mtunza stoo wa kituo. Alikuwa na chipu tano, kila moja kwenye mfuko wake, anauza. Mimi nimenunua na kuuza spea miaka kumi na tisa, mtu akija na mali safi kupita kiasi huwa naiangalia mara mbili. Nikazipanga juu ya kaunta. Kwenye mfuko wa nne palikuwa na F na tarehe ya mtihani.

Sikushtuka usoni. Nikamtajia bei mbaya kabisa, maana ningekubali upesi angeogopa.

“Mama, hiyo ni bei ya kuniibia,” akasema.

“Basi kaziuze unakouziaga.”

Akanung'unika, akatukana kidogo, akakubali. Nikachukua ile moja tu. Alipotoka nikavuka barabara, nikaiweka mbele ya Fides. Akaigeuza, akautazama mwandiko wake.

“Hii niliirudisha.”

“Ndiyo. Na imerudi tena.”

Nikamwambia mpango wangu: tunaingia kwa msimamizi, tunafunga mlango, tunaweka mfuko mezani, tunaomba ufunguo wa chumba. Dakika tano. Fides akakataa.

“Mlango hatufungi,” akasema. “Nikipata chumba kwa mlango uliofungwa, kesho atakayekuja na siri kubwa kuliko yangu atakitwaa. Nataka alama zangu.”

Nilimwona mjinga. Lakini shida ilikuwa yake, nikamfuata.

Msimamizi ni Mhandisi Anania, mtu wa kutoka makao makuu, mstaarabu, kitambulisho shingoni. Alitukaribisha viti. Fides akabaki amesimama, na mlango akauacha wazi; kwenye benchi nje walikuwa wamekaa watu kama wanane wakisubiri huduma.

“Mhandisi, mlininyima alama arobaini kwa sababu sikutumia chipu hii,” akasema, akaiweka mezani. “Naomba kuona kwenye daftari la stoo imeandikwaje.”

“Masuala ya stoo ni ya ndani, dada yangu.”

“Chipu yenu ilikuwa inauzwa dukani,” nikasema mimi. “Sijui ndani gani tena hiyo.”

Mmoja kule kwenye benchi akacheka. Anania akamwita Osward alete orodha. Osward akaja ameshika kishikwambi, akatafuta kwa kidole, akasoma kwa sauti ya mtu anayesomewa hukumu: “Chipu ya mtihani, mtahiniwa Fides Nzowa. Imetumika.”

“Chagueni moja,” Fides akasema. “Kama niliitumia, alama zangu ziko wapi? Kama sikuitumia, imefikaje sokoni?”

Anania alianza kueleza. Alisema kuna mapungufu, utaratibu utaangaliwa, na Fides ni mtu muhimu kwa sekta. Kisha akasema anaweza kufanya mtihani upya mwezi wa tisa.

“Mwezi wa tisa meza yangu itakuwa kifusi.”

“Naelewa. Lakini kufaulu bila kubadilisha kipuri, sina kipengele cha kukuwekea. Na kile kifaa ulichotengeneza, kusema ukweli, sina hata uhakika kilidumu.”

Hapo Osward akafungua mdomo. Sikutarajia, na nadhani hata yeye hakutarajia.

“Kimedumu, Mhandisi.”

“Kiko wapi?”

Osward akainua kile alichokishika. “Ni hiki. Vingine viliharibika tena, hiki ndicho tunatumia ofisini. Matokeo yote niliyaingiza humu.”

Nilimwangalia yule kijana na sikujua nimpige au nimpe soda. Wiki nzima alikuwa ameshika kwenye kiganja chake kazi ya mwalimu wake, na kwa kazi hiyo hiyo akaandika kwamba mwalimu wake hajui kazi.

Anania alisahihisha alama mbele yetu, kwa sababu watu wanane walikuwa wamesogea mlangoni. Tisini na nane. Shadrack walimhamishia tawi jingine. Hakufukuzwa. Mimi nilitaka afukuzwe mwanzoni, baadaye nikaona ndiye pekee pale ndani aliyejua kwamba ile chipu ni nzima na ina thamani. Wenzake walijua karatasi tu.

Siku ya kukabidhiwa chumba, wiki ya mwisho ya mwezi wa saba, nilimsaidia Fides kubeba hita yake ya kupulizia moto na droo zake. Meza tuliiacha, tingatinga lilikuwa limeshafika jirani. Walimpa chumba namba tisa, karibu na choo. Osward alikuwa mlangoni na ufunguo mkono mmoja, kishikwambi mkono wa pili.

“Dada, kuna fomu ya wanufaika. Ni maswali mawili tu, kisha nakupa ufunguo.”

“Uliza.”

“Umepata ujuzi wako wapi? Hapa inajaza yenyewe jina la kituo.”

“Inajaza yenyewe?”

“Ndiyo. La pili, kabla ya mafunzo ulikuwa unafanya kazi gani? Kuna mkulima, mama wa nyumbani, biashara ndogo, hana kazi.”

“Fundi.”

“Fundi haipo, dada.”

“Andika.”

“Haiandikiki. Ni kuchagua tu. Chagua biashara ndogo, haina ubaya. Ni kwa ajili ya ripoti ya Dar, wanahesabu wataalamu kituo kilichozalisha.”

Nilidhani atachagua. Mimi ningechagua, ufunguo ulikuwa umbali wa mkono, tingatinga lilikuwa linanguruma, na biashara ndogo si tusi, ndiyo iliyonilea. Nikamwambia, “Fides, bonyeza tuingie.”

Akaweka droo chini, akaketi juu yake.

“Osward,” akasema, hakupaza sauti, “siku ulipofika kwangu nilikuwa nafanya kazi gani?”

Osward akashusha kishikwambi.

“Nakuuliza. Mikono ilikuwa inakutetemeka, nikakupa bodi na hita. Nilikuwa nani? Mama wa nyumbani?”

“Ulikuwa fundi.”

“Basi usibonyeze kitu.”

Walitazamana. Watu wa chumba namba nane, waliofaulu kwa kung'oa chipu nzima, walichungulia kisha wakarudi ndani. Osward akageuza kishikwambi, akakizima, akakibana kwapani. Akamwekea Fides ufunguo juu ya droo, pembeni ya goti lake, akaondoka bila kuaga.

Mwezi wa kumi na mbili kampuni ilitoa ripoti, wakaibandika ukutani na picha za rangi. Nilienda kuisoma kwa makusudi. Vyumba vya Tunduma viko kumi na viwili, vyote vina mafundi, na Fides yumo namba tisa tangu saa mbili asubuhi, foleni ya Wazambia imefika chooni. Ripoti inasema wataalamu waliozalishwa ni kumi na mmoja.